Maua ya ndani yenye shina la ardhini: kupanda, kuzalisha na kuvusha mpakani Mbugangari

MBUGANGARI, Rubavu – Anayevusha bidhaa kati ya Gisenyi na Goma anajua kuwa mpaka huu unaweza kufungwa wakati mzigo umekwisha kupakiwa. Ulifungwa Machi 2020 kutokana na korona. Mei 22, 2021 volkano ya Nyiragongo ililipuka na maelfu ya wakazi wa Goma wakakimbilia Rubavu. Juni 2022, baada ya askari wa Kongo kuuawa kwa risasi kwenye Petite Barrière, upande wa Kongo ulianza kufunga saa tisa alasiri. Mwishoni mwa Januari 2025 kundi la AFC/M23 lilitwaa mji wa Goma na wasimamizi wa upande huo wakabadilika.

Kwa muuza maua, kila tukio la aina hiyo ni hasara. Ua la chungu lililolowa, lililofungwa na kukaa juu ya gari siku tatu, halina mnunuzi. Hata hivyo, lipo kundi la maua ya ndani ambalo mtaji wake haumo kwenye majani wala kwenye ua lenyewe. Umo kwenye shina nene lililolala chini ya udongo, ambalo kwa baadhi ya aina linaweza kusubiri wiki kadhaa, hata miezi, bila udongo na bila maji.

Makala hii inaeleza mimea hiyo ni ipi, inavyopandwa na kuzalishwa katika hali ya hewa ya Gisenyi, na inavyofaa kusafirishwa.

SHINA LA ARDHINI NI NINI

Kila mpishi anaijua tangawizi. Kile kinachosagwa au kupondwa si mzizi, bali ni shina linalotambaa ardhini. Lina macho, na kila jicho linaweza kutoa chipukizi. Wataalamu huliita rizomu. Shina hili huhifadhi maji na chakula, ndiyo maana mmea unaweza kupoteza majani yote kisha ukachipua tena.

Kwa mfanyabiashara maana yake ni mbili. Kwanza, kipande chenye jicho zima ni mche kamili, hata kikiwa hakina jani. Pili, chungu kimoja kilichotunzwa vizuri huongezeka chenyewe, na mwenye kitalu hahitaji kununua mbegu kila msimu.

AINA ZINAZOFAA BIASHARA

ZZ (Zamioculcas zamiifolia). Ni mmea wa Afrika ya Mashariki na Kusini. Humea porini kuanzia Kenya na Tanzania hadi KwaZulu-Natal, Afrika Kusini. Majani yake yanang'aa kama yamepakwa mafuta. Ua lake ni dogo, hutoka karibu na udongo, na wanunuzi wengi hawalioni. Huuzwa kwa ajili ya majani. Huvumilia kivuli na kusahauliwa kumwagiwa maji.

Sanseviera (siku hizi kitaalamu Dracaena trifasciata). Ina majani marefu yaliyosimama kama mapanga. Asili yake ni Afrika Magharibi na Kati. Aina yenye ukingo wa njano inaitwa 'Laurentii', kwa heshima ya Émile Laurent, Mbelgiji aliyekusanya mimea nchini Kongo na kufariki mwaka 1904. Mmea uliokomaa hutoa maua meupe yenye harufu nzuri, lakini si kila mwaka.

Spathiphyllum. Ina jani jeupe linalosimama kama kikombe, ambalo wateja huliita ua. Asili yake ni Amerika ya kitropiki. Hii hutafutwa sana kwa mapokezi ya hoteli na ofisi kwa kuwa huchanua hata mahali pasipo na jua la moja kwa moja.

Kala nyeupe (Zantedeschia aethiopica). Hutumika kwa harusi na misiba, kwenye chungu na kama ua la kukata. Inatoka Afrika Kusini na Lesotho, na baridi ya nyanda za juu inaifaa. Kala za rangi, yaani za njano, waridi na zambarau, ni jamaa zake lakini zina kiazi kinachohitaji kukauka na kupumzika kila mwaka. Mwenye kuchanganya aina hizi mbili hupoteza moja.

Begonia za kutambaa. Shina lao hutambaa juu ya udongo au chini kidogo tu. Majani yana michoro na rangi nyingi, na maua ni madogo ya waridi au meupe. Begonia rex na begonia masoniana ndizo maarufu.

Achimenes na kohleria. Hizi zinatoka Mexico, Amerika ya Kati na kaskazini mwa Amerika ya Kusini. Shina lao la ardhini ni dogo, refu sentimita 1 hadi 3, lenye magamba kama tunda dogo la msonobari. Hutoa maua mengi kwa msimu, na achimenes hukauka kisha kulala. Kwa upande wa usafirishaji hakuna nyepesi kuliko hizi.

Klivia (Clivia miniata). Ina maua ya rangi ya chungwa, inatoka Afrika Kusini, na shina lake ni fupi na nene. Hukua polepole. Iliyopandwa kwa mbegu huchukua miaka mitatu hadi mitano kabla ya kuchanua, kwa hiyo bei yake hulipia muda.

SOMO LA ZZ

Historia ya ZZ inafaa kujulikana na kila mwenye kitalu. Mmea huu ulielezwa kitaalamu kwa mara ya kwanza mwaka 1829 na Loddiges, mwenye kitalu jijini London. Lakini ulianza kuzalishwa kwa wingi kibiashara nchini Uholanzi karibu na mwaka 1996. Kwa zaidi ya miaka 160 ulikuwa ukijulikana na kuota bure Afrika Mashariki, na faida kubwa ikaanza kuonekana pale watu wa mbali walipojifunza kuuzidisha kwa maelfu na kuufikisha sokoni ukiwa wa ukubwa mmoja.

Saintpaulia za milima ya Usambara, Tanzania, zina habari inayofanana, ingawa hazina shina la ardhini. Zilichukuliwa mwaka 1892 na Walter von Saint Paul-Illaire, ofisa wa utawala wa Kijerumani, na leo huuzwa madirishani dunia nzima. Katika biashara ya maua, thamani hukaa kwa yule anayejua kuzalisha. Mwenye mmea wa asili peke yake hana soko.

UDONGO NA MAJI YA GISENYI

Gisenyi iko kwenye mwinuko wa takriban mita 1,460 na zaidi, kando ya Ziwa Kivu. Joto ni la wastani mwaka mzima na hewa ina unyevu. Hali hii inaifaa spathiphyllum, begonia, kala na klivia. ZZ na sanseviera hukua pia, lakini polepole kuliko Mombasa au Dar es Salaam kwa kuwa zinapenda joto zaidi.

Udongo wa volkano una rutuba, lakini ukiwa mtupu ndani ya chungu hushikamana. Mchanganyiko unaofaa aina nyingi ni sehemu mbili za mboji iliyoiva, sehemu moja ya udongo na sehemu moja ya changarawe nyepesi ya volkano iliyochekechwa, yaani vipande vidogo vya amakoro yenye vitundu. Kwa ZZ na sanseviera, changarawe iongezwe hadi nusu ya chungu. Vumbi la mkaa kidogo husaidia kupunguza harufu na kuoza. Chungu lazima kiwe na matundu chini.

Maji ndiyo yanayowaangusha wengi wanaoanza. Maji ya Ziwa Kivu yana chumvichumvi nyingi na ni ya alkali. pH yake juu ya ziwa inakaribia 9. Chungu kikimwagiwa maji hayo kwa miezi, chumvi hujikusanya kwenye udongo. Ncha za majani ya spathiphyllum huungua na kuwa za kahawia, na majani ya begonia hugeuka manjano huku mishipa ikibaki kijani. Maji ya mvua ni bora. Pale volkano inapotoa majivu, maji ya kwanza ya paa yamwagwe kabla ya kukinga.

Kanuni ya kumwagilia ni kusoma shina. Shina nene humwagiwa kwa nadra: ZZ na sanseviera kila wiki mbili hadi tatu, udongo ukiwa umekauka kabisa. Shina jembamba humwagiwa mara kwa mara: spathiphyllum na begonia pale sentimita 2 za juu zinapokauka. Kala nyeupe hupenda udongo wenye unyevu daima. Achimenes ikiachwa ikauke hata mara moja katikati ya msimu inaweza kulala kabla ya kuchanua.

NJIA ZA KUZALISHA

Kugawa. Hii ndiyo njia ya haraka na ya uhakika. Mmea hutolewa chunguni, udongo hukung'utwa, kisha shina hukatwa kwa kisu kikali kilichopitishwa kwenye moto au kufutwa kwa spiriti. Kila kipande kiwe na angalau jicho moja zima na mizizi yake. Kwa spathiphyllum, chipukizi mbili au tatu ni bora. Vidonda vya ZZ, kala na sanseviera viachwe vikauke kivulini siku moja hadi tatu kabla ya kupandwa. Spathiphyllum isikaushwe, ipandwe siku hiyohiyo. Wakati mzuri ni mwanzo wa mvua za Septemba au za Machi.

Jani. Begonia huzaliwa upya kutokana na jani moja. Jani lililokomaa hukatwa vipande, kila kimoja kikiwa na mshipa mkubwa, na kusimamishwa kwenye mchanga wenye unyevu chini ya kifuniko kinachopitisha mwanga. Miche midogo huonekana baada ya wiki kadhaa. Kwa ZZ, kila jani dogo la tawi hupandwa upande wa chini kwenye mchanga. Hutengeneza kwanza kitunguu kidogo chini ya udongo, na chipukizi la kwanza linaweza kuchukua miezi sita hadi mwaka mzima. Asiyejua hilo huling'oa akidhani limekufa.

Tahadhari juu ya 'Laurentii'. Sanseviera yenye ukingo wa njano ikizalishwa kwa vipande vya jani, watoto hutoka kijani kitupu bila ukingo. Ili rangi ibaki, lazima igawanywe kwenye shina la ardhini. Mnunuzi wa jumla anayeahidiwa "miche ya Laurentii ya majani" aelewe anachouziwa.

Mashina yenye magamba. Achimenes hupandwa kwa kulaza vishina vyake kina cha sentimita 2. Kimoja hutoa mmea, na mmea hutoa vishina kadhaa kufikia mwisho wa msimu. Majani yakianza kukauka, maji yasimamishwe, chungu kiwekwe pakavu, kisha vishina vichambuliwe na kuhifadhiwa kwenye mchanga mkavu au maranda.

MAGONJWA NA WADUDU

Adui wa kwanza ni kuoza. Shina likiwa laini na lenye harufu mbaya, hasa kwa kala, bakteria wameingia. Mmea huo utupwe mbali na udongo wake usitumike tena. Dawa ya kweli ni kupunguza maji na kutozika shina kina kirefu. Begonia hupata ubwiri unga pale hewa isipozunguka. Vidung'ata, wanaoonekana kama pamba kwenye maungio ya majani, hufutwa kwa kitambaa chenye spiriti au maji ya sabuni. Utitiri huja wakati wa kiangazi cha Juni hadi Agosti.

Mche wenye vidung'ata usipakiwe kamwe. Mmoja huambukiza shehena nzima, na mkaguzi akiuona mpakani huzuia yote.

ZZ, spathiphyllum na kala zina fuwele ndani yake zinazowasha mdomo na ngozi, na klivia ina sumu. Anayegawa avae glavu, na shina lisiwekwe pamoja na viazi au tangawizi ndani ya mzigo mmoja. Hatari ya mtu kulipika kwa kulidhania chakula ni ya kweli.

HESABU YA CHUNGU MAMA

Kosa linaloua vitalu vidogo ni kuuza chungu mama. Chukua mfano wa mwenye spathiphyllum moja inayogawanywa vipande vitatu mara moja kila mwaka. Akiuza viwili na kubakiza kimoja kila mwaka, baada ya miaka mitatu atakuwa ameuza vyungu 6 na bado ana kimoja.

Asipouza kabisa kwa miaka miwili, atakuwa na vyungu 3, kisha 9. Mwaka wa tatu, 9 hugawanywa kuwa 27. Anauza 18 na kubakiza 9. Kuanzia hapo anauza 18 kila mwaka badala ya 2, mradi mimea haifi na mteja yupo. Miaka miwili ya kufunga mkono ndiyo gharama ya mtaji. Anayetegemea mauzo hayo kulipa kodi ya nyumba hataiweza. Ni busara aanze nayo pembeni ya biashara nyingine.

KUFUNGASHA NA KUSAFIRISHA

Aina zinatofautiana kwa uwezo wa kusubiri, na hapo ndipo msafirishaji hupanga safari yake. Makadirio ya shina au mche usio na udongo, uliofungashwa vizuri na kuwekwa kivulini, ni haya:

– Achimenes iliyolala: miezi mitatu au zaidi, ikiwa kavu.
– Kiazi cha kala ya rangi kilichopumzika: miezi kadhaa, kikiwa kikavu na chenye hewa.
– Sanseviera na ZZ: wiki mbili hadi tatu.
– Shina la kala nyeupe na klivia: wiki moja hadi mbili.
– Spathiphyllum: siku tatu hadi tano, mizizi ikiwa imefungwa na unyevu.
– Majani ya begonia: siku mbili au tatu.

Kwa hiyo begonia na spathiphyllum ziuzwe karibu, au zivuke asubuhi mpaka ukiwa wazi na mteja akisubiri. ZZ, sanseviera na achimenes ndizo za safari ndefu, iwe kwa basi la Kigali kupitia Musanze au kwa boti ya Ziwa Kivu.

Kuhusu vifungashio, Rwanda ilipiga marufuku mifuko ya plastiki mwaka 2008, na sheria ya mwaka 2019 ikaongeza bidhaa za plastiki za kutumika mara moja. Mzigo unaotoka Goma ukiwa umeviringishwa kwa plastiki unaweza kunyang'anywa kifungashio papo hapo na miche ikabaki wazi. Gazeti, maganda makavu ya mgomba, gunia la katani na kreti ya mbao hufanya kazi hiyohiyo na huruhusu hewa. Sanduku liandikwe upande wa juu ni upi. Wabebaji wa Petite Barrière, wakiwemo wenye ulemavu wanaotumia baiskeli za magurudumu matatu, hupanga mizigo mingi kwa pamoja na kisichoandikwa hupinduliwa.

KARATASI ZA MPAKANI

Udongo ndio unaowatia wakaguzi wasiwasi zaidi, kwa kuwa hubeba minyoo na vimelea visivyoonekana. Shina lililooshwa na kukaushwa hukaguliwa kwa urahisi kuliko chungu kizima. Hii ni sababu nyingine ya kuvusha mashina badala ya vyungu.

Nchini Rwanda, afya ya mimea inaongozwa na sheria ya mwaka 2016, na taasisi inayohusika na ukaguzi na vyeti ni RICA. Utaratibu wa kawaida ni huu: mwenye kuingiza hupata kwanza kibali cha nchi anakopeleka, kisha hupata cheti cha afya ya mimea kutoka nchi anakotoa, na mzigo hukaguliwa unapoingia. Kwa miche inayotoka Kenya, cheti hutolewa na KEPHIS.

Wafanyabiashara wadogo wengi wanajua utaratibu rahisi wa COMESA, na cheti rahisi cha asili cha Jumuiya ya Afrika Mashariki kwa bidhaa zisizozidi dola 2,000. Vyote viwili vinahusu ushuru wa forodha. Haviondoi wajibu wa cheti cha afya ya mimea. Kongo ikiwa mwanachama wa Jumuiya tangu 2022 haibadilishi jambo hilo. Kwa upande wa Goma, kutokana na mabadiliko ya 2025, msafirishaji aulize taratibu na saa za siku husika kabla ya kupakia.

Okidi ni suala jingine. Nyingi zina shina la kutambaa na huonekana kama biashara nzuri, lakini familia nzima imo kwenye orodha za mkataba wa CITES. Kuzichuma msituni na kuzivusha bila kibali ni kosa.

KWA ANAYEANZA

Mwenye mtaji mdogo anaweza kuanza na aina mbili: sanseviera, kwa kuwa haifi kirahisi na inasubiri, na spathiphyllum, kwa kuwa hugawanyika haraka na ina wateja wa karibu. Vyungu mama vitengwe tangu siku ya kwanza, viwekewe alama na visiingie sokoni. Siku mpaka unapofungwa, aliyebeba spathiphyllum azirudishe Mbugangari na kuzipanda tena jioni hiyohiyo. Aliyebeba sanseviera iliyooshwa aiweke kivulini na kusubiri. Ikifunguliwa baada ya wiki moja, bado ni bidhaa.